Abti Duale Ameacha Kiti

Waberi, Garissa
9 Januari 1964

Kwa Abti Duale,

Assalaam aleikum. Leo ni Alhamisi, tarehe tisa Januari, na naapa kwamba katika barua hii na zote zitakazofuata nitakueleza kila kitu, kikubwa na kidogo, bila kuficha na bila kuongeza. Mwalimu Galgallo, ambaye ni Mborana wa upande wa Wajir na ndiye anayetufundisha darasa la tano, anasema barua ni mtu aliyetumwa, na mtu aliyetumwa hachagui habari za kufikisha.

Mimi ni Nafiso, binti wa dada yako Maryan. Uliponiona mara ya mwisho nilikuwa sijaota meno ya mbele. Sasa nina miaka kumi na mitatu, na shuleni tuko wasichana wanne. Mpaka sasa Mama alikuwa akikuandikia kupitia karani wa sokoni, lakini amesema karani anaweka salamu nyingi na maneno machache. Kwa hiyo yeye anasema kwa Kisomali nami naandika Kiswahili, kwa sababu Kisomali hakuna aliyetufundisha kukiandika. Analalamika kwamba maneno yake yakipita kwangu yanatoka yamekonda kama mbuzi wa kiangazi.

Aabbo, baba yetu, yuko Bura na ngamia pamoja na kaka yangu Barre. Ni wazima. Hapa mjini hali ya hatari ilitangazwa majuma mawili yaliyopita na askari wamejaa. Wanaotaka mkoa huu uende Somalia hawasemi tena hadharani, na wasiotaka nao hawasemi. Sokoni watu wanaulizana bei tu.

Jana jirani yetu mzee Kerrow alisimama mlangoni akasema, "Maryan, ndugu yako alikuwa wakili wetu. Naambiwa sasa anakuwa wakili wao." Alimaanisha habari kwamba umekubali kiti cha Bunge. Mama akamjibu, "Kerrow, wewe hata mbuzi wako hawakusikilizi, mimi nikusikilize kwa nini?" Watu wakacheka. Lakini Mama alipoingia ndani alikaa muda mrefu bila kuvua mtandio.

Mama anauliza kama unakula vizuri. Mimi nauliza kama ni kweli umeacha uwakili, na kama ni kweli, nani atawatetea watu wetu waliokamatwa?

Mpwa wako,
Nafiso Korane


Nairobi
2 Februari 1964

Mpwa wangu Nafiso,

Wa aleikum salaam. Nimeisoma barua yako mara mbili, mara moja kama mjomba na mara moja kama wakili. Mjomba amefurahi. Wakili amekuta bahasha imefunguliwa na kubandikwa upya kwa gundi mbaya.

Kwa hiyo kiapo chako cha kueleza kila kitu ni kizuri, lakini nakuomba ukipunguze. Niandikie habari za shule, mvua na afya. Mengine tutayasema tukionana.

Mwambie mama yako nakula. Na mwambie mzee Kerrow kwamba anachosikia ni kweli. Kwa miaka minane nimesimama mahakamani, Isiolo, Garissa na hapa Nairobi. Nimewatetea watu sitini na wanne kutoka kwetu, wengi kwa makosa ya kuwa mahali fulani bila karatasi. Walioachiliwa ni kumi na mmoja. Wale wengine nawakumbuka kwa nyuso, kwa sababu kila mmoja aligeuka kuniangalia, si kumwangalia aliyemhukumu.

Nimefikiri kwamba mahali sheria inapotungwa, mtu mmoja anaweza kuwatetea wote kwa pamoja. Ndiyo sababu nimekubali kuteuliwa. Si kwamba nimehama upande. Huko kwetu wataniita wa serikali, na hapa serikalini wananiita yule Msomali. Nimelizoea hilo tangu nilipokuwa shuleni, na hata wewe utalizoea.

Mwombe mwalimu wako akupe hesabu nyingi zaidi. Nimeona mwandiko mzuri lakini sikuona habari za hesabu.

Mjomba wako,
Duale Kulow


Waberi, Garissa
20 Juni 1965

Kwa Abti Duale,

Assalaam aleikum. Uliniambia niandike habari za shule, mvua na afya. Shuleni nimekuwa wa pili. Mvua haikutosha. Afya ya Mama si nzuri tangu Jumatatu, na sababu ya ugonjwa wake ni wewe, kwa hiyo sijui niiweke wapi habari hii.

Tulisikia unakuja na wakubwa kutoka Nairobi kuhutubia baraza. Mama alianza siku tatu kabla. Alikausha nyama ya ngamia, akaikaanga vipande vidogo vidogo na kuizamisha kwenye samli kama ulivyokuwa ukiila utotoni. Alifukiza chombo cha maziwa kwa moshi mara mbili. Alinituma kuazima mkeka mpya kwa jirani yetu Safiyo, na Safiyo akauliza, "Mkeka huu ni wa kukaliwa na mbunge, au wa kukaliwa na nzi?" Nikasema ni wa Abti wangu.

Barazani nilikusikia. Ulisema serikali haina ugomvi na watu wa Garissa, ina ugomvi na bunduki. Mzee Kerrow akasimama na fimbo yake. Akasema, "Mheshimiwa, bunduki haina ngamia. Ngamia hamsini waliochukuliwa kwenye msako walikuwa wangu." Wewe ukatoa miwani ukaifuta, ukasema suala hilo utalifikisha. Kisha mkapanda magari.

Tulisimama nje ya nyumba. Gari lako lilipita polepole, nami nilikuona ukituangalia kupitia kioo. Halikusimama. Mama alibaki ameshika chombo cha maziwa mpaka vumbi likatulia. Maziwa aliwapa majirani. Mzee Kerrow alikunywa ya kwake, akasema, "Ahsante, Maryan. Leo mimi ndiye mbunge."

Aabbo aliposikia alisema ndugu ambaye hashuki kwenye gari ni abiria tu. Naandika hivi kwa sababu niliapa. Mama hajui kwamba nimeandika. Yeye amesema niandike: tulifurahi kukuona.

Kwa nini hukushuka?

Nafiso


Nairobi
11 Julai 1965

Mpwa wangu,

Sikushuka kwa sababu aliyekaa kando yangu kwenye gari aliniuliza, "Jamaa zako wanakaa wapi hapa?" Aliuliza kwa upole sana. Nyumba ambayo ningeingia ingeandikwa katika daftari lake. Na nyumba ambayo mbunge wa serikali ameingia ingeandikwa pia katika vichwa vya watu wengine, wale wasioonekana barazani. Mama yako angekuwa na wageni wa pande zote mbili baada ya mimi kuondoka. Nikatazama kioo, nikamwambia sina jamaa katika mtaa huu.

Haya nayaandika kwa sababu nimechoka, na kwa sababu naona gundi ya bahasha zako siku hizi ni yako mwenyewe. Huenda nao wamechoka.

Ngamia wa Kerrow niliwataja Bungeni. Nilipewa dakika saba. Dakika ya tano mtu mmoja aliuliza kwa sauti kama ngamia hao walikuwa na vitambulisho, na ukumbi mzima ukacheka. Hata mimi nilicheka, Nafiso, kabla sijajizuia. Nilipokuwa wakili sikuwahi kumcheka mteja.

Usimsomee mama yako sehemu hii. Mwambie niliona alivyosimama, na nilimwona amevaa mtandio wa kijani.

Hongera kwa nafasi ya pili. Nani wa kwanza?

Duale


Nairobi
15 Mei 1966

Mpwa wangu,

Hii ni barua fupi. Nimejiuzulu Bungeni. Jumatatu nitaapishwa kuwa jaji. Utaona katika gazeti la mwalimu wako picha yangu nikiwa na nywele za bandia kichwani, mwambie Barre acheke kabisa.

Utaniuliza kwa nini, kwa hiyo najibu mapema. Miaka minane niliomba, miaka miwili nilisema. Nimechoka na sauti yangu. Kwenye kiti cha jaji mtu husikiliza mpaka mwisho, kisha anasema mara moja tu. Nadhani hiyo kazi naiweza.

Kuanzia sasa kuna mambo ambayo mtu haruhusiwi kuniandikia. Mwalimu wako atakueleza.

Duale


Kijiji kipya, Garissa
3 Novemba 1966

Kwa Abti Duale,

Assalaam aleikum. Sijakuandikia kwa sababu tumehamishwa. Nyumba ya Waberi imefungwa na sisi tuko katika kijiji kilichozungushiwa waya pamoja na watu walioletwa kutoka Bura. Tunatoka asubuhi kwa kuhesabiwa na kurudi jioni kwa kuhesabiwa. Mwalimu Galgallo ameomba ruhusa ili mimi na Rukiyo, ambaye ndiye wa kwanza darasani, tuendelee kwenda shule. Ngamia wetu wengi wamekufa kwa sababu hawawezi kula mahali pamoja.

Abti, Barre amekamatwa. Yuko gerezani Garissa, ana miaka kumi na tisa. Anashtakiwa kwa kukutwa na bunduki, na askari mmoja alimwambia Mama kwamba kosa hilo siku hizi ni kunyongwa. Wanasema kesi itasikilizwa hapa mwanzoni mwa mwaka, na jaji atakayekuja ni wewe. Mama aliposikia alilala usingizi kwa mara ya kwanza. Anasema, "Mtoto hana kesi tena. Kadhi ni mjomba wake."

Mwalimu ametuambia jaji haandikiwi. Lakini kwetu wazee wakikaa kuamua jambo la damu au la mali, huelezwa yote kwanza, hata yanayomuumiza anayeeleza, ndipo wanapima na kusamehe panaposameheka. Aliyeficha ndiye anayeshindwa. Kwa hiyo nakueleza yote, kwa sababu mimi nilikuwepo na hakuna mtu aliyeniuliza.

Ilikuwa Agosti, kabla hatujahamishwa. Shule ilikuwa imefungwa nami nilikuwa Bura kwenye malisho pamoja na Barre. Adhuhuri walikuja wanaume wawili kwa miguu. Barre aliwakamulia maziwa kabla ya kuwauliza majina, kama inavyopasa. Walisema wanatafuta ngamia waliopotea. Walikunywa, wakaswali, wakapumzika. Walipoondoka waliacha furushi la mkeka lililofungwa kamba. Mkubwa wao akasema, "Hii ni amana, mpaka Ijumaa." Barre akasema, "Ni amana." Hawakurudi Ijumaa.

Tulipohama kufuata majani mimi ndiye niliyelipakia furushi juu ya ngamia. Lilikuwa zito upande mmoja. Nilipitisha mkono chini ya mkeka nikagusa chuma, kirefu na cha mviringo. Nikamwambia Barre, "Kaka, humu mna bunduki."

Barre akauliza, "Umefungua?"

Nikasema, "Sikufungua. Nimegusa."

"La mgeni halifunguliwi. Hukufungua, basi hujui. Na mimi sijui."

Nikamwambia tulipeleke kwa chifu. Akasema, "Nimepokea amana mbele ya uso wa mtu, nikaitikia. Nitamwambia nini akirudi, kwamba nilimpelekea chifu?" Akanigeuzia mgongo, akaendelea kufunga kamba. Upande wenye chuma aliufunga mara mbili, kwa hiyo najua alijua.

Siku nne baadaye askari walikuja. Ndani ya furushi walikuta bunduki moja iliyotenganishwa vipande viwili, na risasi. Barre aliwaambia hakujua kilichomo. Mimi nilikuwa nimeshika wanambuzi, na askari akaniambia, "Wewe msichana, enda kwa mama yako."

Abti, Barre hakuwahi kupigana na mtu. Hakuwajua wanaume wale, wala hawakurudi kuulizia furushi lao. Alishika amana tu. Wewe uliyezaliwa kwetu unaelewa jambo hili, na jaji mwingine yeyote hatalielewa. Ukijua yote utaweza kumpimia sawasawa. Sikumwambia Mama wala Aabbo wala Mwalimu. Nimekuambia wewe peke yako.

Mpwa wako,
Nafiso


Mahakama, Nairobi
17 Desemba 1966

Kwa Bw. Korane Alio, Garissa.

Kuhusu kesi ya mwanao, Barre Korane.

Naagizwa kukuarifu kwamba Mheshimiwa Jaji Duale Kulow hatasikiliza kesi iliyotajwa hapo juu, kwa sababu mshtakiwa ni mtoto wa dada yake. Kesi itasikilizwa na jaji mwingine mjini Garissa siku ya Jumanne, tarehe 14 Februari 1967.

Mshtakiwa anaruhusiwa kuwa na wakili. Majina ya mashahidi wa upande wake yafikishwe kwa karani wa mahakama ya Garissa kabla ya saa sita mchana, Jumanne, tarehe 31 Januari 1967. Aliyeandikwa katika orodha hiyo ataapishwa na kuhojiwa na pande zote mbili.

Unakumbushwa pia kwamba jaji akipokea barua yoyote ya faragha kuhusu kesi analazimika kuikabidhi kwa mahakama, nayo itasomwa na upande wa mashtaka.

Karani wa Mahakama


Nairobi
8 Januari 1967

Mpwa wangu Nafiso,

Natumaini vumbi la kiangazi limepungua huko na kifua cha mama yako kimepoa.

Nina habari mbili. Ya kwanza ni kwamba nimeacha ujaji. Magazeti yataandika ni kwa sababu ya afya, na si uongo, kwa kuwa silali vizuri. Nimekaa kwenye kiti kile miezi saba na siku kumi.

Ya pili. Wakubwa wangu wa kazi waliniuliza, kabla sijaondoka, kama nilipata kupokea barua kutoka nyumbani kuhusu kesi ya Barre. Nilijibu kwamba sikupokea. Nakuarifu na wewe ili tusipishane: kama uliniandikia chochote mwezi wa Novemba, hakikunifikia. Posta ya huko inajulikana. Usiandike upya kilichopotea. Hakuna asiyepoteza barua.

Nakutakia heri katika mtihani. Umefika mbali kwa kusema kweli, na sitaki ufikiri kwamba nakushauri vingine. Nakushauri upumzike.

Duale


Garissa
24 Januari 1967

Kwa Abti Duale,

Assalaam aleikum. Barua hii haipiti posta. Anaileta Mwalimu Galgallo mwenyewe, ambaye anakuja Nairobi kuchukua vitabu vya shule. Hajui kilichomo, na hakuuliza. Kwa hiyo naweza kurudia kusema yote, na nakuomba uivumilie, halafu uichome.

Abti, barua yangu ya Novemba ilikufikia. Niliituma kwa rejista, nikaletewa karatasi ya posta yenye sahihi yako ya tarehe kumi na tano. Niliitunza ndani ya kitabu cha hesabu kwa furaha. Barua ya karani ilipokuja, Aabbo akaniambia nimsomee, na nilipofika pale panaposema barua itasomwa na upande wa mashtaka niliurudia mstari ule mara mbili. Hapo ndipo nilipoelewa nilichokifanya. Nilidhani nakupa kitu cha kumwokoa Barre, kumbe nilikuwa nimekupa kamba. Majuma matatu nilisubiri waje wanichukue. Hawakuja. Kisha ikaja barua yako ya kusema haikufika.

Niliitoa ile karatasi ya posta nikaichoma jikoni Mama akiwa nje. Ni kitu cha kwanza nilichowahi kuchoma ili mtu asikione.

Najua kwamba ungeweza kuacha kesi hii tu na kubaki jaji. Najua ulichosema ulipoulizwa, na najua kwamba mtu aliyejibu vile hakuona vema kurudi kukaa juu ya kiti na kuwaapisha wengine. Hukuniandikia hayo, lakini nimesoma barua zako kwa miaka mitatu.

Hapa hakuna anayejua. Mama amesema, "Kwanza alipita na gari. Mara ya pili ameipita kesi. Sasa ameacha na kiti chenyewe, ili asiwe na la kutusaidia." Ameiondoa picha yako ya gazeti ukutani. Mzee Kerrow akamwambia, "Maryan, mwache, huenda kachoka." Mama akasema, "Achoke na nini? Alikuwa amekaa." Nami nilikuwa nimeketi hapo hapo nikichambua mtama, na sikuweza kumwambia. Kila nikifungua mdomo kukutetea wewe, namfunga Barre. Sikujua kunyamaza kunachosha namna hii. Wewe umefanya kazi hiyo miaka mingi.

Sasa nakueleza jambo lililobaki, ambalo ndilo lililonifanya nimwombe Mwalimu.

Aabbo anatayarisha orodha ya mashahidi. Ameandika jina moja tu, nalo ni langu. Anasema kwa watu wote, "Binti huyu alikuwepo, na hajawahi kusema uongo tangu azaliwe. Hata Mwalimu atamwapia. Jaji akimsikia Nafiso atamwachia Barre siku hiyo hiyo." Watu wanakuja kunipa mkono. Safiyo ameniletea kanga ya kuvaa mahakamani. Jumamosi tuliruhusiwa kumwona Barre gerezani. Amekonda, na amenyolewa kichwa. Aabbo alipomwambia kwamba mimi ndiye shahidi, Barre aliniangalia, akatabasamu, akasema, "Mwacheni asome, ana mtihani." Aabbo akacheka, akadhani ni upole. Barre ananijua, Abti. Anajua nikishika Msahafu na kuulizwa kama niligusa, nitasema niligusa. Nimejaribu kusema vingine nikiwa peke yangu nyuma ya nyumba. Maneno hayatoki.

Nimemwambia Aabbo aliondoe jina langu. Akauliza kwa nini. Nikasema naogopa. Akasema anayesema kweli haogopi kitu, akanishika kichwa. Hatamsikiliza binti. Ila mwanasheria akimwambia kwamba shahidi huyu haitwi, atasikiliza, hata akiwa na hasira, kwa sababu anaheshimu kazi ambayo haijui.

Barre hana wakili. Wakili mwingine yeyote ataliona jina langu, atafurahi kama Aabbo, ataniita kizimbani na kuniambia nieleze yote. Wakili anayejua nilichogusa ndiye peke yake atakayejua kutoniita. Huyo anaweza kumweleza jaji habari za amana, na habari za maziwa ambayo mgeni hupewa kabla ya kuulizwa jina, na kwamba kijana aliyetunza furushi la watu hakuwa na vita na mtu. Uliwahi kuwaeleza majaji mambo kama hayo kwa ajili ya watu sitini na wanne. Nimehesabu: kumi na mmoja waliachiliwa.

Orodha inapelekwa Jumanne ijayo kabla ya saa sita mchana. Mwalimu atakaa Nairobi siku mbili, kisha anarudi kwa lori la Ijumaa, na ameahidi kuja kwako kuchukua jibu hata kama ni neno moja. Sitamwambia Mama kwamba nimekuomba. Ukija, atakuona mwenyewe ukishuka.

Nimemuuliza Mwalimu kama sheria inamruhusu mtu aliyekuwa jaji kusimama tena chini, mahali pa wakili, na kumwomba jaji mwingine. Amesema hajui, hilo ni la kuwauliza wanaojua. Kwa hiyo nakuuliza wewe: inaruhusiwa, Abti, na kama inaruhusiwa, utakuja kabla ya Jumanne?

Mpwa wako,
Nafiso Korane